Baada ya Upasuaji wa Diski, Jembe Lisubiri

Mtu aliyepasuliwa diski ya mgongo kupitia tundu dogo mara nyingi huruhusiwa kwenda nyumbani siku hiyo hiyo au kesho yake. Kidonda huwa cha sentimita 2 au 3 tu, na maumivu yaliyokuwa yakishuka mguuni huwa yamepungua. Ndiyo maana wengi hurudia kazi mapema mno: mgonjwa ana nafuu, na jamaa zake hawaoni kidonda cha kuwatisha.

Diski ni kama mto mgumu kati ya pingili mbili za uti wa mgongo. Daktari huondoa kile kipande kilichochomoza na kubana neva. Sehemu kubwa ya diski hubaki. Ngozi hufunga kwa muda wa wiki 2 hivi, lakini ufa wa diski hupona polepole kwa kuwa haupati damu nyingi. Nyama ya ndani inaweza kuchomoza tena pale pale, hasa katika wiki za kwanza.

Madaktari wengi hutaka mgonjwa asiinue kitu kinachozidi kilo 5 kwa wiki 6 hivi, wala asiiname kwa kukunja kiuno au kugeuza kiwiliwili ghafla. Wengine hulegeza masharti mapema, kwa hivyo agizo la daktari aliyepasua ndilo la kufuatwa. Mtungi wa maji wa lita 20 una uzito wa kilo 20, mara nne ya kiwango hicho. Mtoto wa mwaka mmoja pia amezidi. Kulima, kukata miwa, kupiga deki na kufua kwa kuinama kwenye beseni ni kazi za kuachiwa wengine, hata kama ni msimu wa kupanda mahindi. Kazi nzito huweza kuchukua miezi 3 kabla ya kurudiwa.

Kukaa muda mrefu pia huchosha diski. Kwenye matanga au kanisani, mgonjwa asimame na kunyoosha miguu kila baada ya nusu saa. Bodaboda kwenye barabara yenye mashimo ni ya kuepukwa, iwe anaendesha au amebebwa.

Haya yote hayamaanishi kulala kitandani. Kutembea huanza siku ya kwanza, dakika chache mara kadhaa kwa siku, kisha kuongezwa. Mtaalamu wa tiba ya viungo ataonyesha mazoezi yafaayo. Kukandwa mgongo kwa nguvu hakufai.

Kidonda kikitoa usaha, au homa ikipanda, mgonjwa arudi hospitalini siku hiyo. Akishindwa kukojoa au kuzuia haja, akifa ganzi sehemu za siri, au mguu ukilegea, asingoje asubuhi: apelekwe mara moja, hata usiku, katika hospitali ya rufaa.