Leseni ya Kuwinda Sio Leseni ya Kuuza: Soma Hii Kabla Hujaposti Nyamapori, Ngozi au Pembe

Naomba dakika zako chache tu. Mada ya leo inaweza kukuokoa na miaka 20. Na sio miaka 20 ya kulipa mkopo, ni ya jela.

Najua utasema, "Mimi nauza madera na mikoba, mambo ya kuwinda yananihusu nini?" Yanakuhusu siku mtu akikuletea mzigo wa bangili za pembe, mkoba wa ngozi usiyoijua, miba ya nungunungu ya kupambia, au paketi za nyama iliyokaushwa, ile wengine wanaita kimoro. Mzigo ni adimu, bei iko chini, wateja wataugombania. Na mwenye mzigo anakuhakikishia, "Usiogope, hii ya halali, mwindaji ana leseni."

Hapo ndipo wengi tunanasa. Wiki chache zilizopita dada mmoja wa kwenye kundi letu la WhatsApp aliniuliza inbox. Mjomba wake yuko mkoani, ana bunduki yake na leseni ya kuwinda. Alitaka amtumie nyama kavu kwa basi, dada aipaki vizuri na kuiposti, boda wapeleke kwa wateja.

"Mdogo wangu, leseni anayo kabisa, ya Serikali. Sasa shida iko wapi?"

Nikamjibu, "Dada, leseni ya mjomba inamruhusu mjomba kuwinda. Wewe inakuruhusu nini?"

Akanyamaza. Nami nikaona swali hili tulijibu vizuri hapa kwenye ukurasa ili lisaidie wote. Mimi sio mwanasheria, niliishia kidato cha nne. Ila duka langu la mikoba na mapambo liko hapa Chang'ombe, na mapambo ndiyo bidhaa inayoletwa na pembe na ngozi kila mwezi. Kwa hiyo sheria nimeisoma yenyewe, kamusi pembeni. Twende taratibu.

1. KWANZA, NYARA NI NINI?

Sheria tunayoizungumzia ni Sheria ya Uhifadhi wa Wanyamapori, Na. 5 ya mwaka 2009. Ndani yake kuna neno "nyara". Wengi tukisikia nyara tunawaza meno ya tembo na pembe za faru. Sheria iko pana kuliko hapo. Nyama ni nyara. Ngozi, kucha, jino, mkia, manyoya, yai, mfupa, vyote ni nyara. Awe amekufa au yuko hai, mnyamapori na sehemu zake ni mali ya Serikali mpaka uwe na karatasi inayosema vinginevyo.

Kwa hiyo paketi ya kimoro ya robo kilo na jino la tembo vinaangukia kwenye neno hilohilo. Uzito wa kosa unaweza kutofautiana, ila mlango wa kuingilia ni mmoja.

2. MWINDAJI ANAPATAJE LESENI?

Tanzania kuna uwindaji wa aina kuu mbili. Upo uwindaji wa kitalii, wa kampuni zenye vitalu na wageni wanaolipa kwa dola. Tangu 2019 vitalu hivyo vinagawiwa kwa mnada wa kielektroniki. Halafu upo uwindaji wa wenyeji, wa raia kama mjomba wa dada yetu. Pia sheria imeacha nafasi ya pekee kwa jamii za jadi zinazoishi kwa kuwinda, kama Wahadzabe wa kule Ziwa Eyasi, kwa ajili ya chakula chao.

Mwananchi wa kawaida anayetaka kuwinda anapita hivi:

Silaha. Lazima awe na silaha anayoimiliki kihalali, chini ya Sheria ya Usimamizi wa Silaha na Risasi ya 2015. Hapo anaanzia serikali ya mtaa, anakwenda polisi, mpaka kamati za usalama. Hiyo ni safari peke yake, na bado hajagusa leseni ya mnyama.

Maombi. Wanaosimamia mapori ni TAWA, yaani Mamlaka ya Usimamizi wa Wanyamapori Tanzania, iliyoanza kazi rasmi Julai 2016. Maombi yanakwenda kupitia mfumo wa mtandaoni wa Wizara ya Maliasili na Utalii, na malipo ni kwa namba ya malipo ya Serikali, ileile kontroo namba tunayolipia TRA na leseni ya biashara. Ukisikia mtu anataka umtumie ada ya leseni ya kuwinda kwenye namba yake ya simu, huyo tapeli. Kimbia.

Masharti ya kwenye karatasi. Hapa ndipo pa kusoma vizuri. Leseni haisemi tu "fulani aruhusiwe kuwinda". Inataja mnyama gani, wangapi, eneo gani, na kuanzia lini mpaka lini. Leseni ya swala haipigi nyati. Ya wilaya moja haivuki kwenda nyingine. Muda ukiisha, karatasi imekufa. Na mwindaji anatakiwa kuandika kila mnyama aliyempata. Akimjeruhi, hawezi kumwacha na kwenda zake, ana wajibu wa kumfuatilia.

Namna ya kuwinda. Usiku hairuhusiwi. Sumu hairuhusiwi. Mitego, mashimo, taa za kumulika, kufukuzia mnyama kwa gari, vyote marufuku. Kwa hiyo nyama ya mnyama aliyenaswa kwa waya ni haramu kisheria hata kama aliyemnasa ana leseni mfukoni.

Mahali. Ndani ya Hifadhi ya Taifa hakuna kuwinda kabisa. Uwindaji uko kwenye mapori ya akiba, mapori tengefu na maeneo mengine yaliyoruhusiwa. Na mipaka hubadilika. Mwaka 2019 sehemu kubwa ya Pori la Akiba Selous ilifanywa Hifadhi ya Taifa ya Nyerere. Kulikokuwa na vitalu vya uwindaji jana, leo ni marufuku. Ardhi ni ileile, sheria ni nyingine.

Na kuna wanyama ambao huwapati kwa leseni ya kawaida hata ulipe nini. Twiga ni nembo ya taifa, haguswi. Hata simba wa uwindaji wa kitalii, kanuni zinalenga dume aliyefika miaka 6. Yaani mtu analipa mamilioni na bado anatakiwa ajue umri wa simba kabla hajavuta kifyatulio. Hesabu hiyo ifananishe na paketi unayoletewa bila hata risiti.

3. KUWINDA NA KUUZA NI LESENI MBILI

Sasa turudi kwenye biashara. Leseni ya mjomba inaishia kwenye kuwinda. Kufanya biashara ya nyara, au kutengeneza kitu cha kuuza kutokana na nyara, kuna leseni yake nyingine, ya mfanyabiashara wa nyara. Na kwa upande wa nyama, mwaka 2020 Serikali ilitoa kanuni za uuzaji wa nyamapori. Ndiyo maana zikaja bucha za nyamapori zinazotambulika. Kwa hiyo nyamapori halali ipo na inauzwa, ila inauzwa na mwenye kibali, kutoka chanzo kinachojulikana, ikiwa imekaguliwa.

Fikiria hivi. Leseni ya udereva ya kaka yako haikufanyi wewe uwe dereva, na haifanyi gari lake kuwa daladala. Vivyo hivyo karatasi ya mwindaji haihami na mzigo. Mzigo unahitaji karatasi zake: umetoka wapi, nani kauza, nani kanunua, nani karuhusu usafirishwe. Na wewe muuzaji unahitaji ya kwako.

Dada yetu angekuwa na leseni ya mjomba, hana kibali cha kusafirisha, hana kibali cha kuuza, hana ukaguzi. Basi likisimamishwa kwenye kizuizi, jina lililoandikwa juu ya boksi ni lake, na namba ya simu ni yake.

4. KWA NINI HILI SIO JAMBO LA KUJARIBU

Sababu ya kwanza ni adhabu. Kesi za kukutwa na nyara bila kibali hufunguliwa kama uhujumu uchumi, na marekebisho ya sheria ya mwaka 2016 yaliweka kifungo cha makosa hayo kati ya miaka 20 na 30. Soma hukumu za mahakama zetu utaona sio meno ya tembo tu. Kuna watu walishtakiwa kwa vipande vya nyama ya pundamilia na mikia ya nyumbu.

Sababu ya pili ndiyo iliyonishtua mimi. Kwenye kesi nyingi tunajua anayeshtaki ndiye anayethibitisha. Kwenye sheria hii, mzigo wa kuthibitisha kwamba ulikuwa nacho kihalali uko kwako wewe uliyekutwa nacho. "Nilipewa niuze" haithibitishi kitu. "Sikujua" haina karatasi.

Sababu ya tatu, sisi wa mtandaoni tunajiandikia ushahidi wenyewe. Picha umeposti, bei umeweka, namba ya simu umeandika, mteja kapiga skrinishoti. Hata ukifuta, status imeshaonwa na watu mia mbili.

Tusidhani ni ukali wa bure. Hesabu ya mwaka 2009 ilionesha tembo kama 109,000 Tanzania. Ya 2014 ikaonesha kama 43,000. Zaidi ya nusu wamekwenda ndani ya miaka mitano. Novemba 2013, hapa hapa Dar, kwenye nyumba moja Mikocheni yalikutwa meno 706. Februari 2019 Mahakama ya Kisutu ikamhukumu Yang Fenglan, mfanyabiashara aliyekuwa na mgahawa hapa mjini, miaka 15 kwa biashara ya meno ya tembo. Serikali iliumwa na nyoka, sasa inaogopa hata ung'ongo.

Na kwa sisi wa Chang'ombe historia hii ni ya jirani. Kwa miaka mingi ofisi za Idara ya Wanyamapori zilikuwa kona ya Barabara ya Nyerere na Barabara ya Chang'ombe, sehemu inayoitwa Ivory Room, yaani chumba cha meno ya tembo. Ukipita na daladala kwenda Posta, umeshapita hapo mara ngapi?

5. WATEJA WA NJE YA NCHI

Kuna wanaotuma mizigo Nairobi na Mombasa kwa basi. Jua kwamba Kenya ilipiga marufuku uwindaji tangu 1977. Kitu chenye karatasi safi hapa kinaweza kuwa kosa ukishavuka Namanga au Horohoro. Na kwa wanyama wanaolindwa na mkataba wa kimataifa wa CITES, kuvusha mpaka kunahitaji kibali chake, hata kama ni zawadi.

6. SASA UFANYEJE?

Haya yaandike pembeni:

- Uliza mnyama. Kabla ya bei, uliza, "Hii ni ya mnyama gani?" Akisitasita, achana nayo.
- Omba karatasi za mzigo, sio hadithi ya mwindaji. Leseni ya biashara ya nyara, risiti, kibali cha kusafirisha. Majina na tarehe vilingane.
- Bidhaa za ng'ombe na mbuzi uza kwa amani, ila andika wazi kwenye posti: "pembe ya ng'ombe", "ngozi ya mbuzi". Tunza risiti ya fundi au machinjio. Pembe ikishang'arishwa, macho hayatofautishi, risiti inatofautisha.
- Kitambaa chenye michoro ya chui ni kitambaa tu. Usiandike "ngozi ya chui orijino" ili kuvutia wateja. Unajitafutia wageni usiowataka.
- Ndege na kobe pia. Kasuku, kobe wa bustani, wote ni wanyamapori. Usiposti bila kibali.
- Umeachiwa na babu jino au ngozi ya zamani? Usiiuze, usiiposti. Nyara ina hati yake ya umiliki. Nenda TAWA uulize kabla haijaulizwa na wengine.
- Unataka kuuza nyamapori kweli? Inawezekana. Anza na kibali, kisha eneo, kisha mzigo. Usianze na mzigo.

Dada yetu alimpigia mjomba wake. Mjomba, mzee wa watu, akasema hata yeye hakuwa amefikiria suala la kuuza, alijua nyama ni yake akishaipata. Sasa dada anauza dagaa wa Mwanza waliokaangwa, wa paketi, wenye pilipili, na order zinatoka vizuri. Faida kwa paketi ni ndogo kuliko ya kimoro, lakini akisikia hodi usiku anajua ni mteja.

Kama umeshaletewa mzigo wa namna hii, niandikie hapo chini ni kitu gani, usitaje jina la mtu, tujadili. Na mtumie post hii mwenzako anayeuza mapambo ya asili au vyakula vya kukausha. Mtaji unaweza kuutafuta tena ukipotea. Miaka 20 haitafutwi.