Wajibu wa kulipa mishahara katika shule za umma nchini Kenya

Wajibu wa kulipa mishahara katika shule za umma nchini Kenya hutegemea swali moja: nani ni mwajiri kisheria wa mtu anayefanya kazi shuleni? Jibu halifanani kwa kila mfanyakazi. Katika shule moja ya sekondari, mwalimu wa hisabati anaweza kuwa ameajiriwa na tume ya taifa, na jirani yake katika chumba cha walimu akawa ameajiriwa na bodi ya shule, sawa na mpishi na mlinzi wa lango. Kanisa ambalo jina lake limeandikwa juu ya lango hilo huenda halimlipi hata mmoja wao.

Historia

Wakati wa ukoloni shule nyingi za Waafrika zilianzishwa na misheni, nayo Serikali ikazichangia kwa ruzuku. Walimu waliajiriwa na misheni, na wengine na mamlaka za wilaya au Serikali yenyewe. Hivyo watu wenye cheti kimoja walifanya kazi kwa masharti tofauti. Chama cha Kitaifa cha Walimu, KNUT, kilichoanzishwa mwaka 1957, kilidai mwajiri mmoja kwa walimu wote. Dai hilo lilitimizwa mwaka 1967 Bunge lilipopitisha sheria ya kuunda Tume ya Kuwaajiri Walimu, maarufu kama TSC. Mwaka uliofuata Sheria ya Elimu iliwapa waanzilishi wa shule nafasi ya wafadhili.

Jina hilo la "mfadhili" hupotosha. Kwa maana ya kawaida ni mtu anayetoa fedha, lakini katika sheria ya Kenya kazi yake kubwa ni kulea imani na maadili ya shule, kushauri, na kuwa na wawakilishi katika bodi. Shule yenye mfadhili huhesabiwa kuwa shule ya umma chini ya Sheria ya Elimu ya Msingi ya mwaka 2013.

Walimu wa Tume

Katiba ya mwaka 2010, ibara ya 237, inaipa TSC kazi ya kusajili walimu waliohitimu, kuwaajiri, kuwapanga shuleni, kuwapandisha vyeo, kuwahamisha na kuwaadhibu. Mshahara hutoka kwenye Tume na kuingia moja kwa moja katika akaunti ya mwalimu, bila kupitia shuleni. Kwa sababu hiyo mwalimu mkuu hana uwezo wa kuuzuia wala kuuongeza. Ibara ya 249 inalitaka Bunge kutenga fedha za kutosha kwa kila tume ya kikatiba, na bajeti ya kila tume iwe na fungu lake.

Wafanyakazi wa bodi

Hapa ndipo penye ugomvi mwingi. Sheria ya mwaka 2013 inaipa Bodi ya Usimamizi, inayojulikana zaidi kama BOM, jukumu la kuajiri na kuwalipa wafanyakazi wasio walimu: makarani, wapishi, walinzi, mafundi wa maabara, madereva. Vilevile, kwa kuwa walimu wa TSC hawatoshi, bodi huajiri walimu wa ziada. Nao lazima wawe wamesajiliwa na Tume, lakini kusajiliwa si kuajiriwa. Mwalimu wa BOM hawezi kuidai TSC mshahara wake kwa kuonyesha nambari ya usajili.

Fedha za bodi hutoka kwenye karo za mabweni, michango ya wazazi na mgao wa Serikali kwa kila mwanafunzi, uliofikia shilingi 22,244 kwa mwaka katika sekondari tangu 2018. Mgao huo hutolewa kwa mafungu, muhula baada ya muhula. Fungu likichelewa, wa kwanza kusubiri ni mpishi. Shule zilipofungwa Machi 2020 kwa sababu ya UVIKO-19, walimu wa TSC waliendelea kupata mishahara, lakini walimu wengi wa BOM walikaa miezi bila kitu.

Hata hivyo, mgao kuchelewa hakufuti deni. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007 inamtaka mwajiri kulipa ujira wote uliokwisha kufanyiwa kazi, na bodi ni mwajiri kama mwajiri mwingine yeyote. Ni lazima pia ikate na kuwasilisha michango ya kisheria, ikiwemo ile ya NSSF. Bodi nyingine huwaita wafanyakazi wao "vibarua" miaka nenda miaka rudi. Jina halitoshi: kifungu cha 37 kinaruhusu kibarua aliyefanya kazi mfululizo kwa siku zinazofikia mwezi mmoja ahesabiwe kuwa mfanyakazi wa mkataba wa mwezi. Mkataba wa miezi mitatu au zaidi unatakiwa uwe wa maandishi. Mwajiri akishindwa kuuonyesha mahakamani, ni juu yake kukanusha masharti anayodai mfanyakazi.

Shule za awali

Katiba iliweka elimu ya awali chini ya serikali za kaunti. Mwalimu wa chekechea katika uwanja wa shule ya msingi ya umma anaweza basi kuwa mwajiriwa wa kaunti, tofauti na wenzake wa darasa la kwanza.

Kudai malipo

Asiyelipwa huanza kwa kuangalia nani alimpa barua ya kazi, kisha huandika dai lake kwa mwajiri huyo. Anaweza kwenda kwa afisa wa kazi, au kwa chama chake: KNUT na KUPPET kwa walimu, KUDHEIHA kwa wafanyakazi wasio walimu. Ngazi inayofuata ni Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi. Mashauri ya wafanyakazi wa bodi hufunguliwa dhidi ya bodi ya shule husika, na dai la mkataba wa kazi linatakiwa kufikishwa mahakamani ndani ya miaka 3.