Michezo ya kutisha ya marafiki wanne: Kwa nini ya bei ndogo inauza na ya mtaji mkubwa inaanguka

Katika biashara ya michezo ya kompyuta kuna bidhaa moja ambayo tangu mwaka 2020 imekuwa ikiwashangaza wenye mitaji mikubwa. Ni mchezo wa kutisha unaochezwa na marafiki wanne au zaidi kwa pamoja, kila mmoja akiwa kwenye kompyuta yake, wakisaidiana dhidi ya mazimwi yanayoendeshwa na programu. Bei ya mchezo wa aina hii aghalabu haizidi dola 20 za Marekani, picha zake si za kifahari, na mara nyingi umetengenezwa na mtu mmoja au kikundi kidogo. Pamoja na hayo, umeipita kwa mauzo baadhi ya michezo iliyogharimu mamilioni ya dola.

Makala haya yanaeleza bidhaa hiyo inavyofanya kazi, fedha yake inavyogawanywa, na mambo ambayo mwekezaji mdogo anapaswa kuyapima kabla ya kununua hisa za kampuni inayoahidi kuleta mchezo wa namna hiyo.

Bidhaa yenyewe

Mfano ulio wazi ni Lethal Company, ulioingia sokoni tarehe 23 Oktoba 2023 kwa bei ya dola 9.99. Uliandaliwa na kijana mmoja wa Marekani anayejulikana kwa jina la Zeekerss. Wachezaji, hadi wanne, ni vibarua wa kampuni moja ya ajabu. Hushuka kwa chombo cha anga kwenye majengo yaliyohamwa, huokota skrepa na kuiuza kwa kampuni hiyo. Wanapewa siku tatu kutimiza lengo la mapato. Lengo la kwanza ni 130 kwa fedha ya mchezo, na kila likitimizwa linalofuata huwa kubwa zaidi. Wakishindwa hufukuzwa kazi na kuanza upya.

Mfanyabiashara ataitambua mara moja hesabu iliyomo. Kampuni hununua skrepa kwa thamani kamili siku ya mwisho, na anayeuza kabla ya hapo kwa kawaida hupata sehemu tu ya thamani hiyo. Lakini kusubiri nako kuna hatari, kwa kuwa siku ambayo kundi zima linauawa, skrepa yote iliyohifadhiwa chomboni hupotea. Tena mwenzao mmoja akifa, mfuko wa pamoja hukatwa faini, na faini hiyo hupungua iwapo waliobaki watarudisha mwili wake chomboni. Kwa hiyo kila siku inapofikia jioni, wanne hao hubishana kama ilivyo kwa wabia wa kweli: tuondoke na tulichopata, au turudi ndani mara moja zaidi?

Kazi hugawanywa. Mmoja hubaki chomboni akitazama skrini, akiwafungulia wenzake milango kwa namba za siri na kuwaonya kwa redio ya upepo. Wengine huingia ndani na tochi. Mzigo mzito hushikwa kwa mikono miwili, hivyo aliyeubeba hawezi kujitetea na hutegemea mwenzake. Zipo tochi, koleo na redio za kununua, ila zinatoka kwenye mfuko uleule wa pamoja, na anayenunua vifaa vingi huwapunguzia wenzake akiba.

Kinachotisha zaidi ni sauti. Wachezaji huzungumza kwa vipaza sauti vyao, na mchezo hupunguza sauti ya mtu kadiri anavyokwenda mbali. Rafiki aliyekuwa akicheka kwenye korido anaweza kukatika katikati ya neno, na waliobaki hawajui kama amefungua mlango mwingine au ameshauawa, maana aliyekufa hasikiki tena na walio hai. Wamo pia mbwa wasio na macho wanaowinda kwa kusikia, kwa hiyo kumwita rafiki ni msaada na ni hatari kwa wakati mmoja. Hofu na kicheko vyote hutoka kwa marafiki wenyewe, na mtengenezaji hahitaji kulipa mamia ya wachoraji ili kuvipata.

Mingine ya aina hiyo

Kabla yake kulikuwa na Phasmophobia wa kampuni ya Kinetic Games ya Uingereza, uliotoka Septemba 2020 kwa dola 13.99. Wanne huingia kwenye nyumba yenye mzimu wakiwa na vipimo vya baridi na umeme, na programu husikiliza maneno yao, kiasi kwamba mzimu unaweza kujibu. Mwaka huohuo ulipata tuzo ya mchezo bora wa mwanzilishi katika The Game Awards.

Tarehe 1 Aprili 2024 kampuni ya Landfall ya Sweden ilitoa Content Warning, ambamo marafiki huteremka kupiga picha za video za mazimwi. Uligawiwa bure kwa saa 24 za kwanza, na watu zaidi ya milioni 6 wakauchukua, kisha ukaanza kuuzwa kwa dola 7.99. Tarehe 26 Februari 2025 ukafuata R.E.P.O. wa kampuni ya semiwork, nayo ya Sweden, kwa dola 9.99. Huo huchezwa na watu hadi sita wanaobeba vitu vya thamani kutoka majumba yenye mazimwi. Chombo kikigongwa ukutani bei yake hushuka papo hapo, jambo ambalo msafirishaji yeyote wa vyombo vya kioo atalielewa. Lethal Company na R.E.P.O. kila mmoja, katika kilele chake, ulichezwa na watu zaidi ya 200,000 kwa wakati mmoja katika duka la Steam pekee.

Wanunuzi ndio wauzaji

Siri ya kwanza ya soko hili ni kwamba nakala moja haimtoshi mnunuzi. Anayenunua huwatafuta wenzake watatu na kuwashawishi wanunue pia, maana akiwa peke yake utamu haupo. Mtengenezaji anapata wauzaji asiowalipa kamisheni.

Siri ya pili ni matangazo. Kundi la marafiki wanaopiga mayowe na kucheka ni burudani hata kwa asiyecheza. Watangazaji wa michezo kwenye YouTube na Twitch hurusha mayowe hayo kwa hiari yao kwa sababu yanawaletea watazamaji. Lethal Company ulishinda tuzo ya Steam ya mwaka 2023 ya mchezo ulio bora zaidi ukichezwa na marafiki, tuzo inayotolewa kwa kura za wateja wenyewe.

Lakini kamba inayovuta wanne kuingia ndiyo inayowavuta kutoka. Mmoja akichoka na wengine wakamfuata, kundi zima huhamia mchezo mwingine. Kwa hiyo mauzo hupanda haraka, na idadi ya wachezaji inaweza kushuka haraka vilevile. Mwekezaji anayesoma takwimu za mwezi wa kwanza na kuzizidisha mara 12 atakuwa amejidanganya.

Hesabu ya nakala moja

Mingi ya michezo hii huuzwa kupitia Steam, duka la kampuni binafsi ya Valve ya Marekani. Kuorodhesha mchezo hugharimu dola 100, ambazo hurudishwa mauzo yakifikia dola 1,000. Kwa utaratibu uliotangazwa mwaka 2018, duka hukata asilimia 30 ya mapato hadi dola milioni 10 za kwanza, kisha asilimia 25 hadi milioni 50, na asilimia 20 kwa yanayozidi hapo.

Chukua kundi la marafiki wanne kwa bei ya dola 9.99. Wanalipa jumla ya dola 39.96. Duka likikata asilimia 30, yaani dola 11.99, mtengenezaji hubaki na dola 27.97 kabla ya kodi. Akiwa mtu mmoja, au hata watu watano, mauzo ya nakala laki moja ni utajiri. Akiwa na wafanyakazi mia mbili wa kulipwa kila mwezi, fedha hiyo haifiki mbali.

Yapo masharti mawili ya kukumbuka. Mnunuzi ana haki ya kurudishiwa fedha ndani ya siku 14 ikiwa hajacheza zaidi ya saa 2, hivyo mchezo usioshika mapema hurudishwa na kundi zima. Pili, mingi ya michezo hii huuzwa ikiwa bado inatengenezwa. Njia hiyo humpa mtengenezaji fedha za kuendelea na kazi, ila mnunuzi hana uhakika itakamilika lini.

Mitaji mikubwa ilikoangukia

Kampuni ya Starbreeze, ambayo hisa zake huuzwa katika soko la Stockholm, ilikuwa imepata fedha nyingi kwa Payday 2, mchezo wa wezi wanne wa benki uliotoka mwaka 2013. Ikaamua kuingia kwenye hofu kwa jina maarufu. Novemba 2018 ilitoa Overkill's The Walking Dead, mchezo wa wachezaji wanne dhidi ya wafu wanaotembea, kwa dola 59.99. Mauzo hayakufikia matarajio. Wakati huohuo ilikuwa imetumia fedha kwenye miradi mingine, kikiwamo kifaa cha kuvaa machoni cha StarVR. Tarehe 3 Desemba 2018, kabla mchezo haujatimiza mwezi mmoja, kampuni iliomba ulinzi wa mahakama ili ijipange upya. Februari 2019 mwenye haki za jina la The Walking Dead alivunja mkataba. Kampuni ilitoka katika ulinzi huo Desemba 2019, lakini wenye hisa walikuwa wameshaumia.

Mfano wa pili ni Redfall, mchezo wa kuwinda wanyonya damu kwa watu hadi wanne, uliotolewa na Microsoft Mei 2023 kwa dola 69.99. Kwa wasiokuwa na usajili wa Game Pass, kundi la wanne lilitakiwa kutoa dola 279.96. Kwa fedha hiyo makundi saba yangenunua Lethal Company. Redfall ulipokewa vibaya, na Mei 2024 Microsoft ilitangaza kuifunga Arkane Austin, kampuni iliyoutengeneza.

Sababu za kuanguka ni zaidi ya bei, maana michezo yote miwili ililaumiwa kwa ubora wake. Lakini bei ilizidisha ugumu. Mtu mmoja anaweza kujaribu mchezo wa dola 70 kwa hiari yake. Kuwafanya wanne wakubali siku moja kutoa dola 70 kila mmoja ni kazi nyingine kabisa.

Hisa zinazouzwa na zisizouzwa

Hapa ndipo mwekezaji mdogo anapopaswa kuwa macho. Zeekerss ni mtu binafsi. Kinetic Games, Landfall na semiwork ni makampuni binafsi. Hisa zao hazipatikani katika soko lolote. Faida kubwa zilizosimuliwa hapo juu zilikwenda kwa watu ambao hawakuhitaji fedha ya umma.

Hisa zinazofika kwa dalali wako ni za makampuni yenye wafanyakazi wengi, mishahara mikubwa na madeni. Yanaposikia habari za Lethal Company huwaambia wenye hisa kwamba nayo yataingia humo. Kabla ya kutoa fedha, uliza maswali haya:

1. Mchezo utauzwa bei gani, na kundi la wanne litalipa jumla kiasi gani?

2. Ni nakala ngapi zinazotakiwa kuuzwa ili gharama irudi, baada ya duka kukata asilimia 30?

3. Kampuni ina michezo mingine inayoingiza fedha, au imeweka yote kwenye mchezo huu mmoja?

4. Jina au hadithi ni mali yake, au imekodi kwa mkataba unaoweza kuvunjwa?

5. Ikiwa wachezaji huungana kupitia seva za kampuni, nani atazilipia mauzo yakishuka?

Asiyepata majibu ya maswali hayo katika taarifa za kampuni na aweke fedha yake kwingine.

Kwa wenye kumbi za kompyuta

Mfanyabiashara mwenye ukumbi wa kompyuta anaweza kuuza saa kwa makundi badala ya mtu mmoja mmoja. Kila mashine huhitaji nakala yake, pamoja na vipokea sauti na kipaza sauti. Leseni ya kawaida ya Steam ni ya matumizi binafsi, na duka hilo lina mpango maalumu kwa kumbi, kwa hiyo ukaulize masharti kabla ya kuanza.

Tuseme unatoza nusu dola kwa saa kwa kila mashine. Mashine nne huingiza dola 2 kwa saa, na dola 39.96 za nakala nne zitarudi baada ya takriban saa 20 za kundi kamili, mbali na umeme, intaneti na pango. Usinunue nakala za kujaza ukumbi mzima siku ya kwanza. Anza na nne, uone kama kundi litarudi wiki inayofuata.

Tahadhari

Isidhaniwe kwamba kila mchezo wa bei ndogo hufaulu. Steam hupokea michezo mipya zaidi ya 10,000 kwa mwaka, na iliyo mingi hupita bila kuonekana. Tofauti ni kwamba mtu mmoja aliyeshindwa amepoteza muda wake na dola 100 za kuorodhesha, ambapo kampuni kubwa iliyoshindwa imepoteza fedha za wenye hisa. Anayetaka kuweka akiba yake katika biashara hii ajue kwanza hasara ikitokea itamwangukia nani.