Uwindaji, Ufugaji na Kilimo: Waogiek wa Mlima Elgon

Mkazi wa Tuwan, mtaa wa mji wa Kitale, hununua unga, mafuta na makaa kwa fedha ya kibarua au biashara, na maisha ya namna hiyo ni machanga mno katika historia, kwani binadamu wa sasa, aliyetokea Afrika takribani miaka 300,000 iliyopita, aliishi muda mrefu sana kwa uwindaji na ukusanyaji, yaani kwa kujitafutia nyama, asali, matunda na mizizi porini bila kulima wala kufuga.

Ufugaji ulifika katika nyanda za juu za Kenya yapata miaka 3,000 iliyopita, na kilimo kikafuata, lakini mfumo wa kale haukutoweka. Waogiek, jamii ya wawindaji na warina asali ambao baadhi yao huishi Chepkitale kwenye Mlima Elgon, waliendelea kuwinda na kurina asali, na kuibadilisha kwa mazao ya majirani zao. Mizinga yao ni magogo yaliyochongwa ndani na kutundikwa mitini, na mrinaji huwatuliza nyuki kwa moshi kabla ya kutoa masega. Miongoni mwa Waogiek wengine, wale wa msitu wa Mau, kila ukoo ulimiliki ukanda mrefu wa msitu uliopanda kutoka bondeni hadi nyanda za juu, kwa kuwa maua huchanua kwa nyakati tofauti kulingana na mwinuko, na hivyo asali ilipokwisha sehemu moja ilipatikana nyingine. Ni kosa, basi, kudhani kwamba mwindaji hakuwa na ardhi wala sheria.

Kilimo kiliwezesha eneo dogo kulisha watu wengi na chakula kuwekwa ghalani, ila kilimfunga mkulima kwenye shamba lake, kikamtia hatarini mvua ilipokosekana, na akiba ikazaa tofauti kati ya mwenye nacho na asiye nacho. Mwindaji alitegemea mambo mawili: kujua vyakula vya aina nyingi, na desturi ya kugawana nyama, kwa sababu aliyepata leo angeweza kukosa kesho.

Waogiek wa Elgon wenyewe walichanganya njia hizi, wakafuga ng'ombe kwenye nyasi za Chepkitale bila kuacha nyuki. Kilichowabana zaidi ni kupotea kwa ardhi: walowezi wa Kizungu walichukua ardhi ya Trans Nzoia, eneo linalouzunguka mji wa Kitale, reli ikafika Kitale mwaka 1926, na mwaka 2000 Chepkitale ikatangazwa kuwa hifadhi ya wanyama. Mwaka 2017, Mahakama ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, iliyoko Arusha, iliamua kwamba Kenya ilikiuka haki za Waogiek wa Mau kwa kuwafukuza msituni.

Kwa hiyo uwindaji haustahili kuitwa ngazi ya chini ambayo binadamu aliipanda akaiacha. Ni mfumo kamili wa umiliki, ujuzi na ugawanaji, na wanaoushikilia wanastahili haki ya kuchagua wenyewe lipi walihifadhi na lipi walibadili.