Ramani ya Malisho: Kisichochorwa Huhesabika Hakipo

Mfugaji huijua nchi yake kwa miguu. Anajua bonde ambalo majani yake hubaki hadi mvua za vuli, kisima ambacho maji yake huwa ya chumvi kiangazi kikikaza, na njia isiyo na ndorobo. Hahitaji karatasi kumwonyesha.

Lakini maamuzi mengi juu ya ardhi hufanyika mezani, mbele ya ramani, na mara nyingi waamuzi hawajawahi kuikanyaga ardhi yenyewe. Kwao ramani ndiyo nchi. Kama lambo lako halimo, wao hawalioni. Kama malisho yako ya kiangazi yameachwa kuwa nafasi nyeupe, wao huona ardhi tupu inayongoja mtu wa kuitumia.

Kipeperushi hiki kinaeleza namna ramani inavyofanya kazi, na namna kaya za wafugaji zinavyoweza kuhakikisha kwamba malisho, maji na njia za mifugo vinaonekana.

MCHORAJI HUCHAGUA

Hakuna ramani inayoonyesha kila kitu. Anayechora huchagua, na uchaguzi wake ndio unaomfanya msomaji aione nchi hivi au vile. Angalia mambo matatu.

Kwanza, skeli. Ramani nyingi za serikali zenye milima, mito na barabara huchorwa kwa skeli ya 1:50,000. Maana yake ni kwamba sentimita 1 kwenye karatasi ni mita 500 ardhini. Sasa chukua njia ya mifugo yenye upana wa mita 30. Kwenye ramani hiyo, upana wake ni milimita 0.6 tu, yaani mstari wa penseli. Ni rahisi sana kuachwa. Kwa skeli ya 1:10,000 njia hiyohiyo inakuwa na upana wa milimita 3, na kila mtu ataiona. Kwa hiyo njia kukosekana kwenye ramani hakumaanishi kwamba haipo. Huenda ramani ni ndogo mno kuibeba.

Pili, wakati. Ramani huonyesha nchi ilivyokuwa siku ilipopimwa, lakini malisho hubadilika kwa majira. Mpimaji akifika wakati wa masika, ng'ombe wako nyanda za mvua na malisho ya kiangazi hayana hata mnyama mmoja. Ataandika kwamba eneo halitumiki. Kumbe halitumiki kwa sababu linatunzwa! Wamaasai hutenga alalili, Wasukuma hutenga ngitili. Eneo lililopumzishwa ndilo akiba ya kaya zote pale mambo yanapokuwa magumu.

Tatu, jina. Mahali palepale panaweza kuandikwa "pori", "ardhi wazi" au "malisho ya kiangazi". Maneno mawili ya kwanza yanamwalika mgeni. La tatu linamwambia kwamba pana wenyewe.

Jambo hili haliko kwa wafugaji peke yao. Ramani ya dunia iliyotundikwa katika madarasa mengi inafuata mtindo wa Mercator wa mwaka 1569, uliotengenezwa kuwasaidia mabaharia kushika mwelekeo. Mtindo huo hukuza nchi zilizo mbali na ikweta. Ndiyo maana mtoto akiitazama huona Greenland na Afrika kama vitu vinavyokaribiana kwa ukubwa, ilhali Afrika ni kubwa kuliko Greenland mara 14 hivi. Ramani iliyofaa merini inampa mtoto picha isiyo sahihi darasani.

MSTARI MMOJA, MIAKA MINGI

Mwaka 1886 Uingereza na Ujerumani zilikubaliana kugawana eneo ambalo leo ni Kenya na Tanzania Bara. Mstari ulianzia kwenye mdomo wa mto Umba, pwani, ukaelekea Ziwa Viktoria, ukapindishwa ili Mlima Kilimanjaro ubaki upande wa Wajerumani. Ulipita katikati ya nchi ya Wamaasai. Kwenye karatasi ulikuwa wino. Kwa wafugaji ukawa mpaka unaotenganisha visima, malisho na ndugu hadi leo.

Funzo lake ni hili: mstari ukishachorwa na kukubaliwa na wakubwa, kuufuta ni kazi ngumu. Wakati wa kusema ni kabla haujachorwa.

SHERIA INASEMAJE TANZANIA

Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5 ya mwaka 1999 inaipa halmashauri ya kijiji jukumu la kusimamia ardhi ya kijiji kwa niaba ya wanakijiji wote. Katika kueleza ardhi ya kijiji ni ipi, sheria hiyo inataja pia ardhi ambayo wanakijiji walikuwa wakilishia mifugo, pamoja na njia za kufikia malisho, katika miaka 12 kabla ya sheria kutungwa. Kwa hiyo kulisha mifugo ni matumizi yanayotambuliwa.

Hata hivyo kuna mahali pa kuangalia. Sheria ya Ardhi Na. 4 ya mwaka huohuo, inapoeleza maana ya ardhi ya jumla, inaongeza ndani yake ardhi ya kijiji "isiyokaliwa au isiyotumika". Maneno hayo hayamo katika Sheria ya Ardhi ya Vijiji. Lakini yanatosha kuleta ubishi pale ambapo malisho yaliyopumzishwa hayakuandikwa popote. Mtu akiuliza, "Eneo hili linatumika na nani?", jibu bora ni mpango wa matumizi ya ardhi ya kijiji wenye ramani yake, uliopitishwa na mkutano mkuu wa kijiji. Sheria ya Mipango ya Matumizi ya Ardhi Na. 6 ya mwaka 2007 inaipa halmashauri ya kijiji mamlaka ya kuandaa mpango huo.

VIJIJI VILIVYOCHORA PAMOJA

Mifugo haifuati mipaka ya vijiji. Kijiji kimoja kina maji, cha pili kina majani, cha tatu kina chumvichumvi. Kila kijiji kikichora ramani yake peke yake, malisho hukatwa vipande.

Katika Wilaya ya Kiteto, mkoa wa Manyara, vijiji vya Orkitikiti, Lerug na Ngapapa vilichukua njia nyingine. Vilikaa pamoja, vikachora maji, malisho na mapito wanayotumia kwa ushirika, vikakubaliana eneo la pamoja la malisho. Waliliita OLENGAPA, jina lililoungwa kutokana na majina ya vijiji vyao. Baadaye wafugaji waliunda chama chao na eneo likapatiwa hati za hakimiliki ya kimila. Kazi hiyo ilichukua miaka, mikutano mingi, na usuluhishi wa mipaka kati ya vijiji. Lakini mwisho wake, malisho ya pamoja yana jina, yana mipaka na yana wenyewe kwenye karatasi.

Nchini Kenya, katika kaunti ya Isiolo, wafugaji wa Kiborana walionyeshwa picha za satelaiti zikiwa zimemulikwa ukutani. Wazee wakataja kwa majina mito, visima, na malisho ya kiangazi na ya akiba, na mtaalamu akaviandika palepale. Satelaiti iliona rangi ya majani. Wazee ndio waliojua ni nani hunywesha wapi, lini, na kwa ruhusa ya nani.

NAMNA YA KUCHORA RAMANI YA MALISHO

1. Anzeni chini. Tafuteni uwanja ulio wazi. Mstari wa majivu uwe mto, mawe yawe milima, majani mabichi yawe malisho ya masika, makavu yawe ya kiangazi, vijiti viwe njia za mifugo. Hapa asiyejua kusoma anashiriki sawa na anayejua.

2. Chorani kwa makundi, kisha linganisheni. Wazee wanakumbuka miaka ya ukame na mahali mifugo ilipoponea. Vijana wachungaji wanajua mapito ya sasa na yaliyofungwa na mashamba. Wanawake wanajua maji ya nyumbani, malisho ya ndama na wanyama wagonjwa, kuni na dawa za miti. Kundi moja likikosekana, ramani ina shimo.

3. Chorani mara mbili: masika na kiangazi. Ongezeni ya tatu ya mwaka wa ukame mkali. Hiyo ndiyo inayoonyesha kwa nini eneo "tupu" ni la lazima.

4. Hamishieni kwenye karatasi siku hiyohiyo, na kuipiga picha kwa simu. Mvua au ng'ombe wakipita, mchoro umekwisha. Andikeni majina ya mahali kama wenyeji wanavyoyataja.

5. Tembeeni na mpimaji. Alama za GPS zichukuliwe mbele ya wazee wenu na wa kijiji jirani, hasa kwenye visima, malambo, majosho na kona za mipaka.

6. Isomwe kwenye mkutano mkuu wa kijiji kabla ya kupitishwa, na nakala ibaki kijijini. Ramani iliyofungiwa wilayani haimsaidii mchungaji.

KABLA YA KUSAINI, ULIZENI

- Ramani ina kichwa, tarehe, skeli, ufunguo wa alama na mwelekeo wa kaskazini?
- Malisho ya masika na ya kiangazi yote yamo, na yameandikwa kuwa malisho?
- Njia ya mifugo inafika kwenye maji, au inaishia njiani? Upana wake umeandikwa kwa mita?
- Maji yamezungukwa na mashamba kiasi kwamba mifugo haiwezi kuyafikia?
- Vijiji jirani wamekubali mpaka, na muhtasari wa kikao upo?

Msiposhawishika, semeni mkutanoni na itakeni hoja yenu iandikwe kwenye muhtasari. Mgogoro ukitokea ndani ya kijiji, anzieni Baraza la Ardhi la Kijiji, ambalo lina wajumbe 7, na wasiopungua 3 ni wanawake.

TAHADHARI

Ramani hulinda, na pia hukata. Kajiado, Kenya, ranchi nyingi za vikundi ziligawanywa viwanja vya mtu mmoja mmoja. Kila familia ilipata hati yake, lakini ua na mauzo ya viwanja yakafuata, na ng'ombe wakakosa pa kuhamia wakati wa ukame. Kiwanja kimoja chaweza kukosa mvua mwaka mzima huku cha jirani kimenyeshewa. Malisho ya nchi kavu hufaa yakiwa mapana. Chorani mzunguko wa eneo la pamoja, msikimbilie kuligawa ndani.

Pia, mpaka kwenye karatasi usiue mapatano ya zamani. Kama jirani huja kwenu mwaka wa ukame nanyi huenda kwake mwaka mwingine, liandikeni hilo katika kanuni za malisho: nani anaomba, kwa nani, na kwa muda gani. Mahali pa matambiko si lazima paonyeshwe wazi. Wazee wanaweza kuamua paingizwe ndani ya eneo linalolindwa bila kutajwa.

Mwisho, mipango hupitwa na wakati. Kisima hukauka, lambo jipya huchimbwa, kijiji hugawanywa. Pangeni kuipitia ramani na kuirekebisha.

Kama kijiji chenu hakijachora malisho yake, mwombeni mwenyekiti aliweke jambo hili kwenye ajenda ya mkutano ujao, na afisa mifugo au afisa ardhi aalikwe. Msingoje mpimaji wa mtu mwingine awatangulie.