Bonde Moja, Vitabu Visivyopatana

Strathnaver ni bonde la eneo la Sutherland, kaskazini kabisa mwa Uskoti. Penye kitongoji cha Rossal misingi ya nyumba za mawe bado inaonekana kwenye nyasi. Waliokaa humo, wasemaji wa Kigaeli, walitimuliwa kati ya 1814 na 1819 ili ardhi ikodishwe kwa wafugaji wakubwa wa kondoo. Kisa hicho kimeandikiwa vitabu vingi, na vitabu hivyo havipatani hata kidogo. Anayetaka kuijua historia ya Waselti wa Uskoti, mimi ningemwambia aanzie hapo, kwenye ugomvi wa vitabu hivyo.

Wenye mali waliwahi kujieleza. Mwaka 1820 James Loch, kamishna wa mali ya Countess wa Sutherland na mumewe, alitoa kitabu kizima cha kusifu maendeleo waliyoyaleta: barabara, madaraja, vijiji vipya vya pwani ambako wakulima wangegeuzwa wavuvi. Loch alikuwa mtu makini, hesabu zake zimenyooka. Ila wanaohamishwa hawasikiki humo. Wanatajwa tu kama mzigo uliotakiwa kusogezwa.

Msimamizi wa uhamishaji wa 1814 alikuwa Patrick Sellar, mwanasheria, ambaye ndiye huyo huyo aliyekodishiwa sehemu ya bonde afugie kondoo wake. Alishtakiwa kwa kuchoma nyumba na kusababisha vifo, na Aprili 1816 mahakama ya Inverness ikamwachia huru. Wengi wa wazee wa baraza walikuwa watu wa tabaka la wenye ardhi. Robert Mackid, hakimu aliyethubutu kumkamata, aliishia kumwandikia barua ya kumwomba radhi. Ian Grimble aliifufua kesi hiyo katika kitabu chake cha 1962, na ukikisoma utaona jinsi mashahidi maskini walivyoshindwa kabla hata hawajafungua kinywa.

Kinywa kilifunguliwa na mwashi. Donald Macleod, mzaliwa wa Strathnaver, alianza kupeleka barua kwenye gazeti la Edinburgh mwaka 1840. Anasimulia alivyopanda mlimani saa tano usiku katika uhamishaji wa 1819, akahesabu nyumba 250 zikiwaka. Ana hasira, na pengine hasira hiyo inamfanya akaze maneno. Lakini majina ya familia anayajua, kwa kuwa walikuwa majirani zake. Kisha mwaka 1854 Harriet Beecher Stowe, yule mwandishi wa *Uncle Tom's Cabin* aliyewalilia watumwa wa Marekani, akatoa kitabu cha safari zake za Ulaya na kuitetea familia ya Sutherland, iliyokuwa imempokea kwa heshima kubwa London. Macleod, wakati huo akiwa mhamiaji Kanada, akamjibu kwa kitabu chenye jina lililogeuza la kile cha Stowe: Stowe aliandika kumbukumbu za jua, Macleod akaandika kumbukumbu za giza. Nakiri kwamba inaniuma kila ninapoufikiria upofu huo wa Stowe.

Karl Marx naye aliitumia Sutherland katika *Das Kapital* mwaka 1867 kueleza jinsi mkulima anavyonyang'anywa ardhi. Serikali ya Uingereza haikuwasikiliza wakulima wenyewe mpaka 1883, pale Tume ya Napier ilipozunguka Nyanda za Juu na visiwani kuchukua ushahidi wa wakulima wadogo, wengi wao kwa Kigaeli kupitia wakalimani. Alipofika mbele ya Tume, Angus Mackay alikuwa mzee wa miaka 80 hivi. Siku walipofukuzwa alikuwa mtoto, na alimbeba mgongoni mdogo wake wa miaka mitatu kuvuka mto. Maji yalipomfikia mgongoni mdogo akaanza kulia na kujitupatupa. Kaka akaanguka, shingo yake imekabwa kwa mikono midogo, hawezi kuinuka. Mama mmoja maskini aliyekuwa akipita na watoto wake akaruka mtoni na kuwatoa.

Ushahidi wa namna hiyo ulichangia kupatikana kwa Sheria ya 1886, iliyomhakikishia mkulima mdogo kwamba hatafukuzwa ovyo.

Karne ya ishirini ugomvi ukahamia kwa wanahistoria. Kitabu cha John Prebble cha 1963 kuhusu uhamishaji huo kilisomwa na watu wengi mno, na mabwana wa vyuo vikuu wakakidharau kwa ukali. James Hunter, mwaka 1976, akaandika historia ya wakulima hao kwa kuuchukulia ushahidi wao kama chanzo halali. Eric Richards alizama katika nyaraka za wenye mali na kuonyesha mengine: idadi ya watu ilikuwa inapanda, njaa ilikuwa inarudi, na umaskini ulikuwapo kabla ya kondoo. Richards ana haki katika hayo. Lakini hakuna kati ya hayo linalolazimisha kuchoma paa la nyumba yenye watu.

Majuzuu ya Tume ya Napier ni matano, na yanasomeka mtandaoni bila malipo. Anza na vikao vya Sutherland, usome na maswali ya makamishna.