Nyoka Asiyekimbia: Kumwelewa Kifutu

Nyoka wengi wakihisi mtikisiko wa nyayo huondoka kabla mwanadamu hajawaona. Kifutu hafanyi hivyo. Nyoka huyu mfupi na mnene, ambaye wengine humwita moma au bafe, hubaki palepale alipojilaza, akitegemea rangi yake inayofanana na mchanga na majani makavu. Tabia hiyo moja yatosha kueleza kwa nini yeye ni miongoni mwa nyoka wanaojeruhi watu wengi zaidi barani Afrika, na kwa nini majeraha mengi huwa chini ya goti.

Kutulia kwake si uvivu. Kifutu huwinda kwa kuvizia. Aweza kukaa mahali pamoja kwa saa nyingi, hata siku kadhaa, akingoja panya au chura apite. Mwaka 2015 watafiti wa Chuo Kikuu cha Witwatersrand, Afrika Kusini, walichapisha matokeo ya kustaajabisha: mbwa waliofunzwa kunusa walishindwa kuwatambua vifutu hai, ilhali waliitambua harufu ya magamba waliyojivua. Ikiwa pua ya mbwa hushindwa, nasi tusilitegemee jicho gizani.

Huko Amerika wapo jamaa zake wenye njuga mkiani, ambao wakikaribiwa huzitikisa kumwonya mpitaji. Kifutu hana njuga. Awezalo ni kujijaza hewa na kufoka kwa sauti kubwa, na pengine hata hilo halifanyi mpaka unyayo umemfikia. Hamfukuzi mtu. Wanaosimulia kwamba waliwahi kukimbizwa na kifutu, nadhani walikimbia wenyewe, na hawakukosea.

Kinga yetu basi imo katika nyayo na mikono yetu. Usiku tumia tochi, hata kama safari ni ya hatua kumi kwenda chooni. Shambani vaa buti. Rundo la kuni au matofali lisukumwe kwanza kwa fimbo ndefu, kisha mkono ufuate. Nafaka iliyomwagika huleta panya, na panya humleta kifutu. Kwa hiyo anayefagia ghala anajikinga na nyoka bila kumwona. Chandarua kilichochomekwa vizuri chini ya godoro huzuia zaidi ya mbu. Ukimkuta, rudi nyuma taratibu na umwache aende zake. Wapo wanaoumwa wakati wakijaribu kumuua, na kichwa kilichokwisha kukatwa bado chaweza kuuma kwa muda.

Akiuma, maumivu huwa makali na kiungo huvimba upesi. Malengelenge hufuata, nyama huweza kufa, na wengine hutokwa na damu kwenye fizi au shinikizo la damu kushuka. Hapa ndipo ndugu, kwa mapenzi yao, huongeza madhara. Mtu hufunga kamba juu ya jeraha ili sumu isipande. Lakini sumu ya kifutu huharibu nyama pale ilipo; kamba huifungia humo na kuunyima mguu damu. Mguu uliokatwa hospitalini huenda uliuawa na kamba kuliko nyoka. Kuchanja chale na kunyonya jeraha nako ni hatari tupu. Na jiwe jeusi? Sifa zake zinatokana na jambo moja: si kila anayeumwa huingiwa na sumu. Wasioingiwa hupona kwa jiwe, na wangepona bila jiwe.

Lililo jema ni hili. Vua pete, bangili na viatu kabla uvimbe haujaongezeka. Funga banzi kiungo kisitikisike, bila kukaza. Mgonjwa asitembee, kama usafiri uliopo ni bodaboda, akae katikati, mtu mwingine amshike kwa nyuma. Andika saa aliyoumwa. Asipewe pombe.

Kwa wenzetu wa zahanati zisizo na maabara kubwa, kipimo cha dakika 20 kinawezekana popote: mililita 2 za damu ya mshipa ziwekwe katika chupa ya kioo, safi na kavu, zisiguswe kwa dakika 20, kisha chupa iinamishwe. Damu isiyoganda ni dalili ya sumu iliyoenea mwilini. Chupa ya plastiki haifai. Epuka sindano za msuli mpaka damu igande vyema. Weka alama ya kalamu pale uvimbe ulipofika, pamoja na saa. Antivenomu, yaani dawa ya kuizima sumu, hutolewa kwa mshipa, na adrenalini iwe tayari kando kabla ya kuanza. Mtoto hupewa kipimo kilekile cha mtu mzima, kwa sababu nyoka hakumpunguzia sumu kwa udogo wake.

Shirika la Afya Duniani liliiweka sumu ya nyoka katika orodha ya magonjwa yaliyosahaulika mwaka 2017, na limelenga kupunguza vifo na ulemavu wake kwa nusu ifikapo 2030. Hata hivyo dawa hii ni ghali na haipo kila kituo. Kila familia inayoishi karibu na vichaka iulize leo, kabla ya mtu kuumwa, ni kituo kipi cha karibu chenye antivenomu, na kama hakipo jirani, ni gari la nani litaondoka usiku.